Lulu na Marijani: Asili, Maana na Urithi wa Jina Margaret

1. Utangulizi

Waswahili husema kwamba jina jema hung'ara gizani. Kwa kawaida methali hii hufasiriwa kwa kuangalia sifa za mtu: mwenye mwenendo mwema hujulikana hata pale asipoonekana. Hata hivyo, methali hiyo ikichukuliwa jinsi ilivyotamkwa, inazua swali ambalo mwanafunzi wa Kiswahili hana budi kulijibu. Je, jina laweza kung'ara ikiwa mwenye jina mwenyewe hajui maana yake?

Swali hili linawagusa Wakenya wengi wenye majina mawili. Jina la kwanza ni la ubatizo, la pili ni la ukoo. Mtoto akiuliza maana ya jina la ukoo, nyanya yake humweleza bila kusita: alizaliwa usiku, alizaliwa wakati wa mvua, alirithi jina la shangazi wa babake. Akiuliza maana ya jina la ubatizo, aghalabu hujibiwa kwamba hilo ni jina la Kizungu tu. Kutokana na jibu hilo, pande mbili zimezuka. Upande mmoja hushikilia kwamba mwacha mila ni mtumwa, na kwa hivyo majina haya yatupiliwe mbali. Upande wa pili huyakumbatia kama alama ya imani au ya usomi. Pande zote mbili zinakubaliana, bila kujua, katika jambo moja: kwamba jina lenyewe ni la kigeni na halina uhusiano wowote na lugha za hapa.

Makala haya yanachunguza dai hilo kwa kutumia jina moja la kike, Margaret, ambalo katika vitabu vya majina huelezwa kuwa lina asili ya Kigiriki. Hoja inayojengwa ni kwamba jina hili lilifika Afrika Mashariki kwa njia mbili. Njia ya kwanza ni ya kanisa, iliyolileta jina bila maana yake. Njia ya pili ni ya bahari, iliyoileta jamaa ya neno hilo ndani ya Kiswahili karne nyingi kabla ya mmishonari wa kwanza kutua Mombasa. Kwa hivyo, kilichopotea katika jina Margaret si uhusiano wake na Kiswahili, bali ni maelezo ya uhusiano huo.

2. Asili ya jina

Margaret ni umbo la Kiingereza la neno la Kilatini margarita, ambalo nalo lilitokana na neno la Kigiriki margarites, maana yake lulu. Miongoni mwa Wagiriki wa kale waliolitumia neno hilo ni Theophrastus, mwanafunzi wa Aristotle aliyeishi katika karne ya 4 na ya 3 kabla ya Kristo. Katika maandishi yake kuhusu mawe, alieleza kwamba lulu hutokana na chaza, kwamba hutengenezewa mikufu ya thamani kubwa, na kwamba hupatikana India na katika visiwa kadhaa vya bahari ambayo Wagiriki waliiita Eritrea. Jina hilo la bahari lilitumiwa kwa upana: lilijumuisha Bahari ya Shamu, Ghuba na sehemu kubwa ya Bahari ya Hindi.

Ushahidi huu ni muhimu. Bahari iliyowapa Wagiriki lulu hizo haikuwa Bahari ya Kati iliyo mlangoni pao, bali ilikuwa bahari ya mashariki. Kitu kinapotoka ugenini, mara nyingi hufika na jina lake. Ndiyo maana wanaisimu wengi wanakubaliana kwamba margarites si neno la Kigiriki halisi bali ni neno la mkopo kutoka lugha za mashariki, yamkini zile za jamii ya Kiajemi. Hadi leo lulu huitwa morvarid katika Kiajemi, na neno hilo huhusishwa na asili iyo hiyo.

Kwa hivyo, kusema kwamba jina Margaret ni la Kigiriki ni kusema nusu ya ukweli. Ugiriki ni kituo katika safari wala si chanzo chake. Chanzo ni mwambao wa bahari ile ile inayopiga fukwe za Lamu na Mombasa. Katika karne ya 1 baada ya Kristo, baharia au mfanyabiashara mmoja asiyejulikana jina aliandika kwa Kigiriki mwongozo wa safari za bahari hiyo, unaojulikana kama Periplus. Katika mwongozo huo huo mmoja anataja uzamiaji wa lulu katika Ghuba na kusini mwa India, na pia anaeleza pwani ya Azania na soko la Rhapta, yaani pwani ya Afrika Mashariki. Lulu na pwani yetu zilikuwa katika ramani moja ya biashara.

3. Njia ya kanisa

Katika Kigiriki, margarites lilikuwa neno la jinsia ya kiume kisarufi. Lilipoingia katika Kilatini lilichukua kiishio -a na kuwa la jinsia ya kike. Kutokana na umbo hili la kike, neno lilifaa kuwa jina la mwanamke. Isitoshe, Ukristo ulikuwa tayari umeipa lulu maana ya kiroho. Katika Injili ya Mathayo 13:45-46, ufalme wa mbinguni unafananishwa na mfanyabiashara aliyeuza kila alichokuwa nacho ili anunue lulu moja. Kumwita binti Margarita kulikuwa basi kumlinganisha na kitu ambacho mtu huacha vyote kwa ajili yake.

Mwanamke aliyelieneza jina hili ni Margaret wa Antiokia, mfiadini ambaye simulizi za kanisa husema aliuawa mwanzoni mwa karne ya 4. Husimuliwa kwamba alimezwa na joka akatoka tumboni mwake akiwa mzima, na kwa sababu hiyo wanawake wa Ulaya walimwomba awasaidie wakati wa kujifungua. Makanisa ya mashariki humwita Marina, jina la Kilatini linalohusu bahari. Kutokana na uhaba wa ushahidi wa kihistoria, Kanisa Katoliki liliiondoa sikukuu yake katika kalenda yake kuu mwaka wa 1969. Simulizi nyingine ya kale, ile ya Pelagia wa Antiokia, ina mwangwi wa maana hizi hizo: jina Pelagia lilitokana na neno la Kigiriki la bahari, nao watu wa mji walimpa lakabu ya Margarito kwa sababu ya lulu alizojipamba nazo. Inaonekana kwamba kwa watu wa zama hizo maana ya jina ilikuwa bado hai. Aliyeitwa lulu alijulikana kuwa ameitwa lulu.

Kadiri jina lilivyosafiri kuelekea kaskazini na magharibi, ndivyo maana ilivyofifia. Lilipata maumbo mengi: Marguerite nchini Ufaransa, Margherita nchini Italia, Margarethe na Grete nchini Ujerumani, Małgorzata nchini Poland. Wafaransa walilitumia neno marguerite kulitaja ua fulani jeupe, na wengi wakalihusisha jina na ua badala ya lulu. Nchini Uskoti jina lilipata heshima ya pekee kwa sababu ya Malkia Margaret, aliyefariki mwaka wa 1093 na kutangazwa mtakatifu mwaka wa 1250. Karne nyingi baadaye wamishonari wa Kiskoti, waliohamishia kituo chao Kikuyu mwaka wa 1898, walitoka katika nchi ambako jina hilo lilikuwa limeenea mno. Kufikia hapo, Margaret lilikuwa jina la mtakatifu, la malkia na la nyanya za wamishonari. Wachache mno waliolitamka walifikiria chaza.

4. Njia ya bahari

Wakati jina likisafiri kwa njia ya kanisa, jamaa yake ilikuwa ikisafiri kwa njia nyingine. Katika Kiaramu, lugha iliyotumiwa na wafanyabiashara na Wakristo wa Mashariki ya Kati, lulu iliitwa marganita. Kutoka Kiaramu neno liliingia katika Kiarabu likawa marjan. Sauti /g/ ya Kiaramu ilikuwa /j/ katika Kiarabu, badiliko la kawaida baina ya lugha hizo mbili, na sehemu ya mwisho ya neno ikadondoshwa. Kutoka Kiarabu neno lilitua pwani ya Afrika Mashariki likawa marijani.

Maana nayo ilibadilika njiani. Katika Kiswahili, marijani ni tumbawe jekundu linalotumiwa kwa mapambo. Badiliko hili lilianza katika Kiarabu chenyewe. Katika Kurani, Surat Ar-Rahman, aya ya 22, lu'lu' na marjan yametajwa sako kwa bako kuwa vitu vitokavyo baharini. Wafasiri wa kale walitofautiana kuhusu neno la pili: baadhi yao waliona kuwa ni lulu ndogo na wengine wakaona kuwa ni lulu kubwa, huku wengine wakilifasiri kuwa tumbawe jekundu. Kiswahili kilirithi maneno yote mawili. Lulu ikabaki kuwa lulu, nayo marijani ikachukua maana ya tumbawe.

Linganisha sasa utohozi wa maneno haya mawili ndugu. Kiswahili hupendelea silabi wazi. Neno marjan lina silabi mbili funge, mar- na -jan. Kiswahili kilichopeka irabu /i/ katikati na nyingine mwishoni, tukapata ma-ri-ja-ni. Jina Margaret nalo lina silabi funge mwanzoni na mwishoni. Katika mazungumzo ya kawaida, wazungumzaji wengi hudondosha /r/ ya kwanza na kuongeza /i/ mwishoni: Ma-ga-re-ti, au kwa ufupi zaidi Magreti. Mbinu zinatofautiana, lakini kanuni ni moja. Anayesema Magareti anafanya kile kile walichofanya Waswahili wa kale waliposema marijani. Ukiziweka konsonanti za maneno haya pamoja, m-r-g upande mmoja na m-r-j upande wa pili, udugu wake unajitokeza waziwazi.

Marijani si neno pekee la aina hii. Almasi ilitokana na Kiarabu almas, na asili yake ya mbali ni neno la Kigiriki adamas. Zumaridi inahusiana na smaragdos ya Kigiriki, na yakuti na hyakinthos. Vilevile kalamu, karatasi na falsafa ni maneno ambayo Kiarabu kiliyapokea kutoka Kigiriki kabla ya kutukabidhi sisi. Mwanafunzi anayeandika insha ya falsafa kwa kalamu juu ya karatasi, huku akidai kwamba Kigiriki ni lugha ya mbali isiyomhusu, anajipinga kwa kila chombo alichoshika.

5. Kidani cha Mwana Kupona

Endapo kuna shaka kwamba maana ya jina hili ina makao katika fasihi ya Kiswahili, Utendi wa Mwana Kupona unaiondoa. Mwana Kupona binti Msham, mzaliwa wa Pate, aliutunga utendi huo mwaka wa 1858 kwa ajili ya bintiye, Mwana Hashima, wakati yeye mwenyewe alikuwa mgonjwa. Mwanzoni mwa utendi, kabla ya kuanza nasaha zenyewe, mama anamwambia binti kwamba atampa hirizi na kumtungia kidani cha lulu na marijani akivae shingoni.

Kidani hicho, bila shaka, ni sitiari. Mama aliye kitandani hana muda wa kununua vito; anachotunga ni beti. Kitenzi kutunga chenyewe kinabeba maana zote mbili, kwani shanga hutungwa na mashairi hutungwa. Hata hivyo, uteuzi wa vito si wa kubahatisha. Mtunzi aliyekulia katika utamaduni wa Kurani alijua kwamba maneno lulu na marijani huenda pamoja. Yamkini hakujua kwamba wanawake wa mbali walikuwa wakiitwa kwa jina lililo jamaa ya neno hilo la pili na lenye maana ya lile la kwanza. Ilitosha kwamba alipotaka kitu cha thamani cha kumwachia binti, alivichagua vito hivyo.

Mafunzo mawili yanapatikana hapa. Kwanza, kumfananisha binti na lulu, au kumvika lulu kwa maneno, si desturi iliyoletwa na ubatizo. Pili, na muhimu zaidi, Mwana Kupona hakukabidhi kidani na kunyamaza. Alieleza, beti baada ya beti, anachokusudia. Zawadi yake ilikamilika kwa maelezo. Hapo ndipo tofauti kati yake na daftari la ubatizo inapoonekana.

6. Jina na mamlaka

Itakuwa makosa kuisimulia safari hii kana kwamba ilikuwa ya vito na mashairi pekee. Majina ya vito yana historia chungu pia. Katika ulimwengu wa Kiarabu, majina kama Lu'lu', Yaqut, Jawhar na Marjan yalipewa watumwa mara nyingi. Badr al-Din Lu'lu', aliyetawala Mosul katika karne ya 13, na Yaqut al-Hamawi, mwanajiografia aliyefariki mwaka wa 1229, wote wawili waliwahi kuwa watumwa. Jina zuri la kito lingeweza kumwambia mtu kwamba ana thamani; lingeweza pia kumwambia kwamba ana bei. Leo katika Kiswahili Marijani ni jina la heshima, aghalabu la mwanamume, kama lilivyokuwa kwa mwanamuziki mashuhuri wa Tanzania, Marijani Rajabu, aliyefariki mwaka wa 1995. Nchini Iran, Marjan ni jina la mwanamke. Jina lililokuwa la mtumwa limekombolewa na waliolibeba.

Ubatizo wa enzi ya ukoloni nao ulikuwa na mamlaka yake. Sheria ya Kanisa Katoliki ya mwaka wa 1917, kanuni ya 761, iliwataka mapadri wahakikishe kwamba anayebatizwa anapewa jina la Kikristo, na wazazi wakikataa, padri aongeze jina la mtakatifu fulani na kuyaandika yote mawili kitabuni. Sheria mpya ya mwaka wa 1983, kanuni ya 855, inakataza tu jina lisiloafikiana na moyo wa Kikristo. Kwa maneno mengine, tangu mwaka wa 1983 sheria haimdai mzazi Mkatoliki amwite bintiye Margaret. Angeweza kumwita Lulu na asikose kitu. Waliobatizwa kabla ya hapo hawakuulizwa. Ndiyo maana uamuzi wa Ngũgĩ wa Thiong'o wa kuliacha jina James, alilolitumia katika riwaya zake za awali, ulikuwa na uzito. Alikuwa akidai haki ya kujitaja.

Jambo la kushangaza ni kwamba Biblia yenyewe ilionyesha njia nyingine. Katika Matendo ya Mitume 9:36, mwandishi anamtaja mwanamke wa Yafa aitwaye Tabitha, kisha anatoa tafsiri ya jina lake kwa Kigiriki, Dorkas, maana yake paa. Kefa naye akawa Petro, kwa kuwa majina yote mawili yanahusu mwamba. Wakristo wa mwanzo walipovuka kutoka Kiaramu hadi Kigiriki, walivuka na maana. Lau utaratibu huo ungefuatwa Afrika Mashariki, Margareta wengi wangebatizwa Lulu, jina ambalo Waswahili walikuwa nalo tayari. Kilichofanyika ni kinyume: sauti ilihifadhiwa, maana ikaachwa bandarini.

7. Lulu iliyozaliwa usiku

Pamoja na hayo, wanawake wa Kenya hawakubaki na jina tupu. Waliliunganisha na majina yao wenyewe. Margaret Wambui Kenyatta, Meya wa Nairobi kuanzia mwaka wa 1970 hadi 1976, alibeba pamoja na jina la lulu jina linalohusishwa na mmoja wa mabinti wa Gĩkũyũ na Mũmbi. Mwandishi wa riwaya The River and the Source iliyochapishwa mwaka wa 1994, ambayo inafuatilia vizazi vya wanawake wa Kijaluo na kukutana kwao na Ukristo, aliitwa Margaret Atieno Ogola. Katika Dholuo, Atieno ni msichana aliyezaliwa usiku. Majina hayo mawili yakisomwa kwa maana zake, yanajenga picha moja kamili: lulu iliyozaliwa usiku. Hapo methali iliyotangulia inapata mfano usiotarajiwa, kwani ni jina linalong'ara gizani kwa maana halisi.

Lakini picha hiyo huonekana tu pale majina yote mawili yanapoelezwa. Anayejua maana ya Atieno na asijue ya Margaret ameona usiku bila lulu.

8. Hitimisho

Makala haya yameonyesha kwamba jina Margaret, ingawa huitwa la Kigiriki, lina asili ya mbali zaidi katika mwambao wa mashariki. Kwamba neno la Kiswahili marijani ni jamaa yake. Kwamba neno lulu ndilo maana yake. Na kwamba maneno hayo mawili yalikwisha kuvishwa binti wa Kiswahili katika utendi wa mwaka wa 1858. Vilevile imebainika kwamba tatizo la jina la ubatizo halikuwa ugeni wake bali ukimya ulioandamana nalo.

Kutokana na hayo, mjadala wa majina haufai kukomea kwenye kuyatupa au kuyakumbatia. Mzazi ana hiari ya kumwita bintiye Lulu, Margaret, Atieno au yote matatu. Asilo na hiari nalo ni jukumu la kumweleza. Mwanafunzi wa Kiswahili naye ana kazi mahususi, kwa kuwa lugha anayoisoma ndiyo iliyohifadhi maneno ambayo kanisa lilisahau kuyafasiri. Irene, Agnes, Dorcas, Sophia na mengine mengi yanasubiri uchunguzi wa aina hii.

Mwana Kupona alikuwa na bintiye wa pekee wa kumwachia maneno, na muda mfupi wa kufanya hivyo. Hakumwachia kidani bila kumwambia ni cha nini. Mtoto wa leo anayeuliza maana ya jina lake anastahili jibu la namna hiyo.